Ungoni kwenye rafu za Mlimani

Chapisho la kwanza la mradi wa utafiti wa Vita vya Majimaji halikuhusu Umatumbi, ambako watu wa Nandete waling'oa miche ya pamba Julai 1905 na vita vikaanza. Halikuhusu Ngarambe ya Kinjikitile Ngwale, mganga aliyegawa maji ya vita, wala Liwale. Lilihusu Ungoni, nchi ya Wangoni huku Songea. Kijitabu hicho kiliitwa The Maji Maji War in Ungoni, kikatolewa na East African Publishing House mwaka 1969, na waandishi wake, O. B. Mapunda na G. P. Mpangara, walikuwa wanafunzi wa historia Mlimani, yaani chuo kikuu cha Dar es Salaam.

Miaka 39 baadaye, mwaka 2008, Dar es Salaam University Press ilitoa kitabu cha namna nyingine: In Search of Relevance, historia ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam chenyewe. Wahariri walikuwa watatu: Isaria Kimambo, Yusufu Lawi na Mapunda mwingine, Bertram, mwanaakiolojia. (Simama katikati ya soko lolote la Songea uite "Mapunda!", halafu uhesabu vichwa vinavyogeuka. Jina pekee si ushahidi wa undugu.) Mwaka 2010 Bertram Mapunda huyohuyo akawa na sura katika Maji Maji: Lifting the Fog of War, mkusanyo uliohaririwa na James Giblin na Jamie Monson. Sura hiyo inarudi tena kwenye vita vya Ungoni, safari hii masimulizi ya wazee yakilinganishwa na yale yanayosemwa na ardhi.

Mtu mmoja, basi, alihariri historia ya chuo na pia akaichunguza historia ya Ungoni. Sidhani kama ni bahati tu. Mlimani ilipokuwa ikitafuta namna ya kuwa chuo cha Watanzania, na si tawi la London lililopandwa pwani ya Bahari ya Hindi, ilipata sehemu kubwa ya jibu vijijini, kwa wazee waliokuwa watoto mwaka 1905. Ukitaka kusoma historia ya chuo kile bila Ungoni, utabaki na orodha ya majengo na makamu wakuu wa chuo.

Mfaranyaki ni mahali pazuri pa kuanzia. Ni kata iliyo ndani ya mji wa Songea, na wengi wanaoitaja kwa dereva wa bajaji hawamfikirii mtu. Lakini Mfaranyaki alikuwa mtu, nduna (jemadari) wa Kingoni wa enzi ya vita. Mji wenyewe nao umechukua jina la nduna Songea Mbano, ambaye Wajerumani walijenga boma lao jirani na kwake mwaka 1897. Hapa majina ya mashujaa hutajwa kila siku kwa ajili ya nauli, na hakuna anayeshangaa.

Yaliyotokea ni mazito. Wakati maji ya dawa, yaliyoaminika kuzuia risasi, yanafika, Ungoni ilikuwa na dola mbili: Njelu upande wa kusini chini ya nkosi (mfalme) Mputa Gama, na Mshope upande wa kaskazini chini ya nkosi Chabruma. Aliyeyaleta anakumbukwa kwa jina la Kinjala, kutoka kwa Wangindo. Chabruma aliyapokea, na wakubwa wa Njelu wakafuata, si wote kwa moyo mmoja. Kila mmoja alikuwa na kidonda chake. Padri Franziskus Leuthner wa misheni ya Peramiho alikuwa amechoma kibanda cha mahoka cha Mputa, mahali ambapo nkosi alizungumza na mizimu ya baba zake. Mtu aliyechomewa kibanda cha namna hiyo hahitaji kuelezwa sera ya kodi ili aelewe amepoteza nini.

Agosti 1905 Askofu Cassian Spiss, mwanzilishi wa Peramiho, aliuawa eneo la Liwale akiwa safarini kuja huku, pamoja na mabruda wawili na masista wawili. Septemba misheni ya Peramiho ikachomwa moto, na Leuthner naye akauawa. Oktoba Wangoni walishindwa vibaya Namabengo. Bunduki za rasharasha zilizungumza, na imani ya maji ikapungua kwa kasi. Kilichofuata kilikuwa kibaya kuliko mapigano: jeshi la Wajerumani lilichoma vijiji, likabeba au kuteketeza chakula, likaiachia njaa imalize kazi. Tarehe 27 Februari 1906 wakubwa wa Kingoni walinyongwa Songea. Makumbusho ya Majimaji yanataja watu 67 waliozikwa katika kaburi moja. Songea Mbano alinyongwa siku chache baadaye akazikwa peke yake, na inaaminika kichwa chake kilipelekwa Ujerumani. Chabruma alikimbilia Msumbiji, akafia huko.

Kwa nchi nzima, hesabu ya serikali ya kikoloni ilikuwa vifo 75,000. Gilbert Gwassa, mwanahistoria wa Mlimani, aliona idadi hiyo ni ndogo mno. Makadirio yake yalikuwa kati ya 250,000 na 300,000.

Chuo nacho kilikuwa na mwanzo wake. Kilifunguliwa tarehe 25 Oktoba 1961, wiki chache kabla ya uhuru, katika jengo la TANU mtaa wa Lumumba, kikiwa na kitivo kimoja tu cha sheria na wanafunzi wasiofika 15. Shahada zilikuwa za Chuo Kikuu cha London. Mwaka 1963 kikawa sehemu ya Chuo Kikuu cha Afrika Mashariki pamoja na Makerere na Nairobi, mwaka 1964 kikahamia mlimani kwenye makazi yake ya leo, na Julai 1970 kikawa chuo kikuu kamili cha Tanzania. Hayo kila mhitimu anayajua, angalau siku ya mahafali.

Ambayo hayasemwi sana kwenye mahafali ni ya Oktoba 1966. Wanafunzi waliandamana kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, na mabango yao yalimuudhi sana Mwalimu Nyerere. Zaidi ya 300 walirudishwa makwao. Mwalimu alipunguza mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20, na wakubwa wengine wakaguswa mifuko yao pia. Miezi michache baadaye likaja Azimio la Arusha, na Machi 1967 chuo kikaitisha mkutano wa kujadili wajibu wake katika Tanzania ya kijamaa. Swali lilikuwa rahisi kulitamka na gumu kulijibu: hapa tunamfundisha nani, na kitu gani, kwa faida ya nani?

Kila idara ilijibu kwa namna yake. Idara ya Historia ilikuwa na nafasi nzuri kuliko nyingi. Terence Ranger, profesa wake wa kwanza, alikuwa amefika mwaka 1963 baada ya kufukuzwa na watawala wa Rhodesia, naye aliamini kwamba upinzani wa mwanzo dhidi ya ukoloni na harakati za uhuru za baadaye vina ukoo mmoja. Walter Rodney alipita, akaondoka, akarudi. Kimambo, Mtanzania, alikuwa amekusanya masimulizi ya Wapare kwa ajili ya shahada yake ya udaktari. John Iliffe alikuwa akichambua nyaraka za Kijerumani kuhusu Majimaji. Gwassa yeye alikuwa akiwatembelea wazee wa Umatumbi na maeneo ya jirani.

Mwaka 1968 Gwassa na Iliffe walitoa mkusanyo wa kumbukumbu za vita hivyo, na mwaka huohuo mradi wa utafiti ukaanza. Wanafunzi, wengi wao wakipelekwa sehemu walizozijua, waliagizwa kwenda kuuliza. Piga hesabu: aliyekuwa na umri wa miaka 15 mwaka 1905 alikuwa na miaka 78 mwaka 1968. Kijana wa Mlimani aliyekalishwa kigodani mbele ya mzee wa namna hiyo alikuwa amekaa mbele ya hati ambayo isingekuwepo miaka kumi baadaye. Karatasi zao zilikusanywa na chuo mwaka 1969, na hadi leo hakuna anayeandika kwa uzito juu ya vita hivyo bila kupita kwao, hata kama anapita ili kuwapinga.

Hebu tukae kidogo kwenye jambo hili, kwa maana ndilo lililobadilisha chuo. Kabla ya hapo, mwanafunzi wa Kitanzania alisoma historia iliyoandikwa na maofisa, mapadri na wasafiri, naye akiwa mgeni ndani yake. Mwaka 1968 aliambiwa kwamba babu yake ni maktaba, na kwamba kazi ya msomi ni kumsikiliza vizuri, kumlinganisha na jirani yake, kisha kumlinganisha na faili la boma. Kwa Mwalimu jambo hilo lilikuwa na faida ya kisiasa iliyo wazi. Tangu Desemba 1956, aliposimama mbele ya kamati ya Umoja wa Mataifa, alikuwa ameyataja Majimaji kama vita vya watu waliokataa kutawaliwa. Sasa chuo chake kilikuwa kinaleta ushahidi, na ushahidi huo ulifaa taifa kupita kiasi. Hapo ndipo matatizo yalipoanza.

Maana Ungoni haikukaa vizuri ndani ya hadithi ya taifa. Wangoni walikuwa wametoka kusini mwa Afrika, wakavuka nchi kwa miongo, wakafika na kutawala watu waliowaita sutu: Wandendeule, Wamatengo na wengine. Mtu wa sutu alipokunywa maji mwaka 1905, alikuwa anapigania nini hasa, uhuru wake au ufalme wa nkosi? Na nkosi je, alikuwa anapigania Tanganyika ambayo hajawahi kuisikia, au haki yake ya kutawala kama zamani? Patrick Redmond, aliyemaliza shahada ya udaktari London mwaka 1972 juu ya siasa za Wangoni, aliuliza maswali hayo bila kubembeleza. Makala yake ya mwaka 1975 ilipitia upya yaliyoandikwa juu ya Majimaji ya Ungoni, kazi ya Mapunda na Mpangara ikiwemo, na kitabu chake The Politics of Power in Songea Ngoni Society kikatoka mwaka 1985. Naona alikuwa na haki ya kuuliza. Naona vilevile kwamba asingekuwa na cha kuuliza kama vijana wale wawili wasingeandika kwanza.

Miaka ya karibuni mwanahistoria Heike Schmidt ameyahamisha macho kutoka kwenye mapigano hadi kwenye yaliyofuata: njaa, mahame, wanawake waliochukuliwa na askari na wasaidizi wao, na ukimya ulioifunika wilaya. Ndani ya masimulizi yaliyotafuta mashujaa, wanawake hao walionekana kwa shida. Mtafiti hupata majibu ya swali aliloulizwa mzee, na swali la mwaka 1968 lilikuwa la vita.

Mlimani, hata hivyo, haikuwa ya kwanza kuandika Ungoni. Peramiho ilitangulia. Abasia hiyo iko kilometa chache kutoka mjini, ilianza mwaka 1898, ikafa kwa moto wa mwaka 1905, ikafufuka na kuwa na hospitali, shule, karakana na kiwanda cha uchapaji. Padri Elzear Ebner alikusanya historia ya Wangoni kwa miaka mingi. Kazi yake ilianza kusambazwa mwaka 1959 kwa nakala za stensili, na mwaka 1987 ikatoka kama kitabu kamili, The History of the Wangoni. Mwaka 1998, abasia ilipotimiza miaka 100, Abate Lambert Doerr alihariri Peramiho 1898–1998, juzuu tatu. Serikali ya kikoloni ya Waingereza nayo ilikuwa na mtu wake, P. H. Gulliver, aliyeandika historia ya Wangoni wa Songea katika Tanganyika Notes and Records mwaka 1955 na baadaye akajulikana kwa kitabu chake juu ya Wandendeule.

Msomaji mwangalifu atasoma vitabu vya Peramiho na vya Mlimani pamoja, kwa sababu kila upande una ugonjwa wake. Watawa wanaandika juu ya vita vilivyoua askofu wao na kuchoma nyumba yao. Usitegemee wakione kibanda cha mahoka kwa macho ya Mputa. Lakini waliishi hapa, walijua lugha, walisikiliza koo na majina, na mapadri wao waliingia hadi gerezani: Padri Johannes Häfliger wa Kigonsera aliwabatiza wengi wa waliohukumiwa kabla hawajanyongwa, akaacha maandishi juu ya siku hizo. Mlimani kwa upande wake ilikuwa na haraka ya kujenga taifa, na mtu mwenye haraka hukata kona. Ajabu ni kwamba vyanzo hivi viwili vilihitajiana. Wanafunzi wa mwaka 1968 wasingeweza kuikwepa Peramiho hata wangetaka. Wasomi wengi wa Songea wa kizazi chao walipita shule za misheni.

Turudi kwenye historia ya chuo. In Search of Relevance imeandikwa na watu wa nyumbani, na ina faida na hasara za kuandikwa nyumbani. Jina lake linasema ukweli: chuo kilitumia miongo kadhaa kikitafuta kufaa, na sio kila mara kilifaulu. Lakini kitabu cha wahariri watatu maprofesa hakiwezi kubeba kila kitu. Ukitaka joto la vijana wa mwaka 1969, soma Cheche: Reminiscences of a Radical Magazine, kilichohaririwa na Karim Hirji na kutolewa na Mkuki na Nyota mwaka 2010. Cheche lilikuwa jarida la wanafunzi wa mrengo wa kushoto. Lilidumu muda mfupi tu, kabla ya kupigwa marufuku mwaka 1970 kwa kosa la kuwa kijamaa kuliko walivyotaka wajamaa wenye madaraka. Kitabu cha chuo na kitabu cha waliofungiwa jarida kwenye chuo hichohicho vinapaswa kuwekwa rafu moja.

Na rafu hiyo iko wapi? Hili ndilo linaloniudhi. Tasnifu ya Gwassa juu ya kuzuka na kuenea kwa vita ilikubaliwa Dar es Salaam mwaka 1973. Kama kitabu ilitoka mwaka 2005, mwandishi akiwa ameshafariki, na ilichapishwa Köln, Ujerumani. Redmond kachapishwa Chicago. Lifting the Fog of War kimetolewa na Brill wa Leiden, kwa bei ambayo mwalimu wa sekondari wa Songea ataisoma na kucheka. Karibu vyote ni vya Kiingereza. Masimulizi yaliyotolewa kwa Kingoni, Kindendeule na Kiswahili yalisafiri hadi Mlimani, yakavalishwa lugha nyingine, yakapanda meli.

Kiswahili hakikukosa uwezo. Abdul Karim bin Jamaliddini wa Lindi alikuwa ametunga Utenzi wa Vita vya Maji-Maji zamani, nao ulichapwa Afrika Mashariki mwaka 1957. Na mwaka uleule wa 1969, wakati wanafunzi wa historia wanatoa vijitabu vyao vya Kiingereza, kijana mwingine wa Mlimani, Ebrahim Hussein, alitoa Kinjeketile kwa Kiswahili. Tamthiliya hiyo ilisomwa shuleni kwa vizazi. Mtanzania wa kawaida anayejua kitu kuhusu Majimaji amekipata zaidi jukwaani na kwenye fasihi kuliko kwa mwanahistoria yeyote, na wanahistoria wamejitakia wenyewe.

Mjini Songea kumbukumbu inalindwa na watu wengine. Makumbusho ya Majimaji yalianzishwa mwaka 1980 na sasa yako chini ya Makumbusho ya Taifa. Kila Februari ngoma, wazee na viongozi hukusanyika hapo kwenye makaburi. Tarehe 1 Novemba 2023 alifika Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani, akakutana na wazao wa Songea Mbano, akaomba msamaha kwa yaliyotendwa na Wajerumani na kuahidi kusaidia kulitafuta fuvu la nduna huyo. Familia haikumhitaji profesa ili ijue nani alichukuliwa na lini. Lakini madai yanapofika mezani kwa serikali mbili, karatasi zinahitajika, na sehemu ya karatasi hizo zilianza na mwanafunzi wa likizo mbele ya mzee wa miaka 78.

Na historia ya vyuo haiko Mlimani tu: Songea nayo imewahi kuwa mji wa chuo kikuu. Chuo Kikuu cha Mtakatifu Yosefu, kilichoanzishwa na masista wa shirika lenye asili ya India, kilikuwa na vyuo vishiriki hapa, kimojawapo cha kilimo, hadi Februari 2016 Tume ya Vyuo Vikuu ilipofuta vibali vya vyuo hivyo kwa sababu za ubora na uendeshaji, na wanafunzi wakahamishiwa vyuo vingine. Kwa miaka michache tu mji ulikuwa umezoea wapangaji wenye mabegi ya vitabu, wahadhiri wa Kihindi sokoni, na madai ya mikopo kila mwanzo wa muhula. Hicho ni kitabu kinachoweza kuandikwa sasa hivi, tena kwa Kiswahili. Waliosoma pale wengi wako kwenye miaka ya thelathini. Wenye nyumba waliowapangisha, mama lishe waliowakopesha wali na maharage na madereva waliowapakia siku ile wanaondoka na mizigo yao bado wako hapahapa mjini, na wengi wana namba za simu.